Siku Kwebeki Ilipojadiliwa Kichangani

Nyinyi mnaoanza kazi hii ya kutembeza wageni, chuoni mtafundishwa majina ya ndege, nyayo za chui na za fisi zinavyotofautiana, na jinsi ya kumfunga mtu bandeji. Yashikeni yote hayo. Ila kuna jambo sikufundishwa darasani, na sidhani kama nyinyi mtafundishwa: ufanyeje pale wageni wawili wanapogombana kwenye kiti cha nyuma, simba amelala mbele ya gari, na hakuna hata mmoja wao anayemtazama.

Mimi nilifikwa na hilo. Naitwa Tatu Malunde, mzaliwa wa Magomeni hapa Kilosa. Nimeongoza watalii Mikumi mpaka kichwa kimekuwa cheupe, nimestaafu juzijuzi tu, na simba yule bado namwonea huruma. Alipiga mwayo, akajinyoosha, akatugeuzia mgongo kama mchekeshaji aliyekosa wa kumcheka. Nyuma yangu bwana mmoja na mkewe walikuwa wanaigawa nchi yao.

Nitawasimulia. Lakini kwanza mjue Kifaransa nilikitoa wapi, maana mtu wa Kilosa kusema Kifaransa si jambo la kupita bila maelezo.

Baba yangu alikuwa Mnyamwezi wa reli, mama Mkaguru. Nyumba ya pili kutoka kwetu aliishi mama wa Kirundi aliyeitwa Mama Serafina. Alipanda treni Kigoma akiwa na cherehani yake, safari yake Dar es Salaam. Treni iliposimama Kilosa alishuka kununua machungwa, akauangalia mji, akaupenda, akarudi ndani kuteremsha cherehani. Ndivyo alivyosimulia mwenyewe, na hakuna aliyewahi kumbishia. Alikuwa fundi wa nguo, na wakati anashona alipenda kuzungumza Kifaransa alichosoma kwa masista. Mimi nilikuwa nakwenda kumwekea uzi kwenye sindano, macho yake yalikuwa yameanza kuchoka. Kwa hiyo Kifaransa changu cha kwanza kilikuwa cha cherehani. Nilijua pindo, kola, kifungo na mfuko kabla sijajua kusema habari za asubuhi.

Kampuni iliyoniajiri ilipopata wageni wa kwanza wa Kifaransa, nilisukumwa mbele kama mtaalamu. Tukakuta pundamilia. Neno la pundamilia sikuwa nalo. Nikawaambia wageni: "Mabibi na mabwana, yule ni punda aliyeshonewa suti ya mistari, na fundi wake alipima vizuri, hakuacha hata mshono nje." Walicheka mpaka pundamilia wakakimbia. Nilidhani nimefukuzwa kazi. Kumbe jioni walimwomba bosi wanipate mimi tena kesho yake.

Tangu hapo sikuogopa tena neno nililolikosa. Mkikosa neno, wanangu, msinyamaze na msidanganye. Zungukeni. Mgeni husamehe njia ndefu, lakini hasamehi uongo.

Mengine yote nilifundishwa na dereva, Mzee Kibwana. Ndiye aliyenipokea siku ya kwanza na ndiye niliyekuwa naye siku ninayotaka kuwasimulia, mvi zake zikiwa zimezidi zangu. Kifaransa hajui hata salamu, Kiingereza chake ni cha "left" na "right", lakini mbuga anaijua kama ua wa nyumbani kwake. Alikuwa na sheria zake. Usimwahidi mgeni simba. Mwambie twende tukaone mbuga imeamkaje. Zima injini kwanza ndipo ueleze, mnyama naye anapenda kusikia kinachosemwa juu yake. Na wageni waliogombana waketishe upande mmoja wa gari. Ukiwaketisha pande mbili, kila mmoja ataona mnyama wake, halafu watagombania na hilo.

Sasa, Luc na Elaine.

Walifika masika yamekwisha, nyasi za uwanda wa Mkata, mle Mikumi, zikiwa ndefu kiasi cha kumficha nyati. Luc alikuwa mwalimu mstaafu wa historia, mtu wa mwili mkubwa, ndevu kama za beberu mzee, sauti ya kujaza kanisa. Elaine alikuwa muuguzi mstaafu, mdogo wa umbo, skafu shingoni hata jua likiwa la utosi. Wametoka Kwebeki. Hilo ni jimbo la Kanada ambalo watu wake wengi husema Kifaransa, na pande zote wamezungukwa na watu wa Kiingereza. Luc ni wa Kifaransa. Elaine amezaliwa mjini kwao Luc, lakini kwenye familia ya Kiingereza. Luc alipenda kusema Kifaransa na mimi, Elaine alinijibu Kiingereza, nami nikawa naruka katikati kama ngedere.

Tena Kifaransa chao kilinitoa jasho. Siku ya kwanza Luc aliniambia kwamba wangependa "dîner" yao chini ya kivuli, karibu na bwawa la viboko. Nikapiga simu jikoni: wageni wanataka chakula cha jioni nje. Saa sita mchana nawaona wamekaa kivulini, wananitazama kwa tabasamu la watu wenye njaa. Sahani hakuna, mkate hakuna, viboko tu majini wanatafuna kwa raha zao. Kumbe kwao neno hilo ni chakula cha mchana. Mama Serafina alinifundisha kuwa ni cha jioni. Mzee Kibwana akawakatia muhogo wake wa kuchemsha, wakala, Luc akaomba tena. Fundisho: lugha ikiwa moja, usidhani na saa ya kula ni moja.

Siku ya pili ndipo tulipomkuta simba wangu wa masikitiko. Redio ya simu ya Luc ilikuwa imeleta habari za kwao asubuhi ile: chama kimoja kule kilikuwa kinasema tena habari za kura ya kujitenga. Jimbo lile limewahi kupiga kura mbili za namna hiyo. Katika zote mbili waliotaka kubaki Kanada walishinda, na ile ya pili walishinda kwa upenyo mwembamba kama unywele. Luc alipiga ndiyo mara zote mbili. Elaine alipiga hapana mara zote mbili. Walitoka nyumba moja kwenda kituo kimoja, kila mmoja kwenda kufuta kura ya mwenzake.

"Watu wenye lugha yao, sheria zao na historia yao, kwa nini waombe ruhusa kwa jirani?" Luc alikuwa ananguruma, mahali pa simba.

"Na watu wa asili wa kaskazini, waliokuwapo kabla yenu na kabla yetu?" Elaine akamjibu kwa Kiingereza. "Wakisema na wao wanajitenga na nyie, mtawaruhusu?"

"Hilo ni jambo jingine!"

"Daima ni jambo jingine likiwahusu wengine."

Mzee Kibwana alikuwa amezima injini. Akaninong'oneza, "Tatu, hawa wana nini?"

Nami bila kufikiri nikajibu, "Wanabishana habari za kutengana."

Macho yalimtoka. "Watu wazima hivi? Wamefika huku kwa kitu gani sasa? Chanzo nini?"

"Lugha."

"Lugha chafu?" akauliza. "Nani anamtolea mwenzake lugha chafu? Ni huyu wa ndevu, eh?"

Kabla sijamrekebisha alikuwa amekwisha kugeuza gari. Akatupeleka mpaka mahali panaporuhusiwa watu kushuka, akashuka, akafungua mlango wa nyuma, akavua kofia.

"Tatu, nitafsirie. Usipunguze kitu."

Mkalimani huwa hapunguzi kitu. Nikatafsiri.

"Bwana," Mzee Kibwana akaanza, "na wewe mama. Mimi nina ndoa ya miaka mingi, na mke wangu ana mdomo, na mimi nina kiburi. Lakini sijawahi kumsikia mtu amesafiri kutoka ng'ambo, akapita nchi zote hizo, kuja kuachana mbele ya simba. Kama kuna neno baya limesemwa, lisemeni liishe hapa. Bwana, mwombe mama radhi. Mama, mpe nafasi ya kukuomba."

Luc alinitazama, akamtazama Mzee Kibwana, ndevu zikaanza kutikisika. Alicheka mpaka akashika mlango wa gari. Nikaeleza kosa langu: katika Kiswahili mume na mke hutengana, na jimbo pia laweza kutengana, na mimi nililegeza neno. Nilitakiwa kusema jimbo kujitenga. Mzee Kibwana akavaa kofia haraka, akasema basi yeye siasa hazijui, turudi kwa simba.

Elaine hakucheka. Akaniambia taratibu, "Mwambie dereva hajakosea sana."

Njiani alinieleza, na Luc anasikia. Dada yake anaishi jimbo jingine, la Kiingereza. Alikuwa amekwisha kumwambia Luc: kura ya tatu ikija na ndiyo ikishinda, yeye anahamia kwa dada yake. Na Luc alikuwa amekwisha kumwambia kwamba yeye kwao hahami, awe na mke au asiwe na mke. Walikuwa wamekuja Mikumi kusherehekea miaka yao ya ndoa, na kila mmoja alikuwa na hofu kwamba ndiyo sherehe ya mwisho.

Tukirudi kambini tuliwaona swala aina ya pofu, kundi zima, wakubwa kama ng'ombe wa maonyesho. Hakuna aliyeomba tusimame.

Kesho yake ilikuwa siku yao ya kuondoka, waende wakapande treni ya umeme Kilosa. Njia ya Mikumi kwenda Kilosa inapita karibu na Kichangani, kijiji alichoolewa mdogo wangu, na mume wake, shemeji yangu Chogo, ndiye mwenyekiti. Niliomba tupite nikasalimie. Elaine akasema afadhali, amechoka kutazama wanyama wenye amani kuliko yeye.

Tukakuta mkutano mkuu wa kijiji. Uwanja wa shule umejaa: wakulima upande mmoja na majembe yao, maana walitoka moja kwa moja shambani, wafugaji upande mwingine wamejifunga mashuka, fimbo mkononi. Kitongoji cha Bwawani, ambako wafugaji wengi wanaishi, kilikuwa kinaomba kujitenga kiwe kijiji kinachojitegemea. Nilipomnong'oneza Luc habari hiyo, alinishika mkono kana kwamba nimempa zawadi.

"Wanajitenga? Hapa?"

"Ni kitongoji tu, Luc," Elaine akasema.

"Kila kitu huanzia kitongojini!"

Shemeji Chogo alitupa viti vya wageni mbele. Luc nilikuwa nimemfundisha salamu, naye akamwinamia bibi aliyekaa karibu yake: "Shikamoo." Bibi akaitika, "Marahaba, mwanangu," akasogeza kanga amwone vizuri. Huyo ni Bibi Semeni, mkulima mzee, na mjue kwamba alikuwa anaishi Bwawani hukohuko, shamba lake la mahindi likiwa katikati ya maboma ya wafugaji.

Mkutano ulikuwa moto. Mama mmoja wa kifugaji, Naserian, alisimama akasema ofisi ya kijiji iko mbali, masika mto ukijaa Bwawani inakuwa kisiwa. Mkulima mmoja akapaza sauti kwamba wanataka kijiji chao ili ng'ombe wao wale mahindi bila kuulizwa. Kijana wa kifugaji akajibu kwamba mahindi ndiyo yaliyofuata ng'ombe. Fimbo zikaanza kugonga chini. Shemeji Chogo akanyanyua mikono, akatafuta cha kuwapoza, macho yake yakaangukia kwetu.

"Jamani, tuna wageni! Shemeji, wageni wako wametokea wapi?"

Nikasema wametoka jimbo ambalo nalo linabishana kujitenga na nchi yake. Uwanja ukatulia kama umemwagiwa maji. Mzee wa kifugaji akasema, "Waseme. Kwao ilikuwaje?"

Hapa niwape siri moja ya ukalimani. Mtu akisema "mimi", na wewe sema "mimi". Usiseme "anasema yeye anataka". Ukianza hivyo maneno yanakuwa yako, unaanza kuyapunguza makali. Basi Luc akasimama, akajaza kifua, nami nikasimama kando yake nikapaza sauti:

"Mimi nimechoka kutawaliwa na watu wasiojua lugha yangu! Mimi nataka nchi yangu!"

Shemeji Chogo akaruka. "Shemeji! Na wewe tena?"

Uwanja mzima ukaangua kicheko, fimbo zikalala. Nikaeleza. Tukaendelea. Luc alisema vizuri, siwezi kumnyima sifa yake. Alieleza kwamba babu yake kiwandani alikatazwa kusema Kifaransa mbele ya msimamizi. Alieleza kwamba mtu anaweza kushiba, akavaa, akawa na barabara nzuri, na bado akajiona mpangaji. Wafugaji walikuwa wanaitikia kwa kichwa. Naserian akapiga makofi.

Kisha yakaja maswali, na maswali ya Kichangani hayana adabu ya kidiplomasia. Mmoja akauliza mto wao mkubwa utabaki kwa nani. Mwingine akauliza reli ikivuka mpaka, treni itasimama mara ngapi. Luc akajibu, akatoa jasho, akajibu tena. Ndipo Bibi Semeni aliponyanyua mkono, bila kusimama.

"Mwanangu, umesema vizuri. Mimi nina moja tu. Mkishajitenga, huyu mkeo atakuwa mkeo, au atakuwa mgeni wako?"

Nikatafsiri. Luc alimtazama Elaine, na Elaine alikuwa tayari amesimama.

Nilijiandaa kwa Kiingereza. Akanigusa bega. "Leo nitasema Kifaransa," akaniambia. "Wewe wape Kiswahili. Nataka mume wangu anisikie mwenyewe."

Kifaransa chake kilikuwa safi kabisa. Safari nzima alikuwa amekibana.

"Mimi nimezaliwa mji mmoja na huyu bwana," nikatafsiri, "mtaa wa tatu kutoka kwao. Kwetu tulisema Kiingereza. Lugha yake nilijifunza nikiwa binti, kwa sababu nilitaka kujua mama yake ananisema nini." Kina mama wakacheka. "Siku ya matokeo ya ile kura ya pili, upande wangu ulishinda. Mimi nilikuwa chumbani nafurahi. Halafu nikasikia mtu analia jikoni. Alikuwa yeye. Furaha ikaniisha palepale. Nilitaka kwenda, sikwenda, niliogopa ataona usoni mwangu kwamba nilikuwa nafurahi. Tangu hapo tunapiga kelele tu. Napiga kelele kwa sababu ninaogopa siku moja nitasimama mlangoni kwangu mwenyewe, mtu aniulize, mama, wewe umetoka wapi?"

Hapo "mimi" zake zote zilikuwa mdomoni mwangu. Mkalimani halii kabla ya mwenye maneno. Nikapaza sauti, nikamaliza.

Luc alisema kwa sauti ya chini ambayo sikudhani anayo. "Sikujua kwamba ulinisikia." Halafu akawageukia watu. "Mjukuu wetu anaishi mbali, upande wa magharibi wa Kanada. Hajui Kifaransa hata neno. Akinipigia simu ananisimulia hadithi ndefu kwa Kiingereza cha kitoto, cha mbio, mimi nacheka mahali ambapo si pa kucheka. Hiyo ndiyo hofu yangu. Sio bendera. Ni yule mtoto."

Naserian akasimama bila kuombwa. "Huyu baba namwelewa. Mwanangu namsemesha Kimaasai, ananijibu Kiswahili. Najibiwa vizuri tu, kwa heshima, lakini nimejibiwa na mtu mwingine."

Shemeji Chogo si mtu wa maneno makubwa. Alichaguliwa kwa sababu hana hasira. Lakini siku ile aliuliza swali lililookoa mkutano wake. "Basi tuache kusema nani anataka nini," akasema. "Kila mtu aseme anaogopa nini. Anza wewe, Naserian."

Naserian akasema anaogopa masika. Mwaka uliopita walimbeba mke wa kaka yake kwa machela mpaka mtoni, maji yamejaa, akajifungua ukingoni kwenye matope, mvua inamnyeshea. Mama na mtoto walipona, lakini yeye kila wingu likitanda Bwawani anatoka kwenda kuutazama mto. Wakulima wengi hawakuwa wamelisikia jambo hilo. Walidhani ni habari ya ng'ombe tu.

Bibi Semeni naye akasema, "Mimi sipingi kijiji. Naogopa kubaki peke yangu. Leo ng'ombe akiingia shambani kwangu namlilia Chogo. Kesho nitamlilia nani, mwenye ng'ombe?"

Palitokea kicheko, kisha wazee wa kifugaji wakainamiana, wakateta. Mmoja akasimama akasema Bwawani ikiwa kijiji, kamati ya kutathmini mazao yaliyoharibiwa itaongozwa na Bibi Semeni mwenyewe, na neno lake halitarudishwa. Bibi akasema atafikiria. Halafu akasema amekwisha kufikiria, amekubali. Mikono ikanyooshwa. Ombi la Bwawani likapita, wakulima wengi wakiwa wameunga mkono, na makubaliano yakawekwa kwamba josho la ng'ombe na shule vitabaki vya wote.

Mtataka kujua iliishaje. Ombi lilikwenda wilayani, na mambo ya wilayani mnayajua, bado linasubiri. Lakini mtendaji wa kijiji sasa anavuka mto kila wiki kwenda kuwahudumia hukohuko, na kabla ya masika kina mama wajawazito wa Bwawani wanahamia upande wa zahanati, kwenye nyumba za wakulima. Mdogo wangu amekwisha kupokea wawili. Bibi Semeni kamati yake ameianza bila kusubiri barua ya mtu. Shemeji ananiambia hata madume ya ng'ombe yakimwona na ile kanga yake yanabadilisha njia.

Na Kwebeki? Wapo walipo. Wanaotaka kujitenga wanaendelea kudai, wanaotaka kubaki wanaendelea kukataa, na vijana wa kule wanaulizana upya maswali ya babu zao. Mimi siwezi kuwaambia itakuwaje. Nilichojifunza ni kwamba ukisikia watu wanabishana nchi, sikiliza vizuri, mara nyingi ndani yake kuna mlango, na jiko, na mtoto fulani kwenye simu. Ukiongoza wageni wa namna hiyo, usiwachagulie upande. Wewe kazi yako ni kuhakikisha kila mmoja amemsikia mwenzake na wote wamekula.

Tulipotoka Kichangani walikaa kiti kimoja nyuma. Baadaye nikasikia Elaine anasema haendi kwa dada yake, kura ije isije. Atabaki hapohapo, na atapiga hapana. Luc akasema na yeye atapiga ndiyo. Elaine akasema anajua.

Mzee Kibwana alikuwa ananyoosha shingo kwenye kioo. "Wamepatana?"

"Hapana," nikamwambia.

"Wanatengana?"

"Hapana."

Akafikiri kidogo, akabadilisha gia. "Basi ni ndoa ya kawaida."

Stesheni ya Kilosa tulifika mapema. Tukakaa kwenye viti vinavyong'aa, Luc akanunua karanga kwa kijana mmoja wa bodaboda aliyekuwa anaziuza huku anamsubiri abiria wake. Elaine akanigeukia, kwa Kifaransa.

"Bibi Tatu, sasa kazi yako imekwisha, tunaondoka. Siku zote hizi umesema maneno yetu. Yako hatujayasikia. Wewe ungepiga kura gani?"

Ilikuwa kweli. Maisha yangu yote nilikuwa nimesema "mimi" za watu wengine. Nilijiona kama mtu aliyeombwa kuimba ghafla.

"Mimi sijui Kanada," nikasema. "Lakini mume wangu ni Mmakonde, wazee wake walikuja kukata mkonge. Nyumbani kwangu nasonga ugali wa baba yangu, mgumu wa Kinyamwezi. Tangu anioe ananiambia ni mgumu. Tangu anioe namwambia wake ni uji. Hajawahi kuniambia niende, na sijawahi kuulainisha."

Luc akafungua mdomo aulize hiyo ni ndiyo au ni hapana, lakini treni ilikuwa imekwisha kuingia, na treni hizi mpya hazimsubiri mtu anayefikiri. Wakapanda wanakimbia, mabegi yakigongana. Mzee Kibwana akavua kofia. Nikawatafuta kwenye vioo mpaka nikawaona: wamekwisha kukaa, na wamekwisha kuanza, Luc kidole juu, Elaine anatikisa kichwa kwa nguvu zote, mdomo haupumziki. Na huku anambishia hivyo, alikuwa ameinama mbele anamfunga Luc kifungo cha shati.